Tulikaza Nyuzi kwa Koo Lake

Sifa zote ni kwa Mungu, aliyenipa masikio kabla ya kunipa gitaa, na ambaye katika uzee huu ameniachia vyote viwili ingawa amechukua vingi vingine. Alivyochukua vilikuwa vyake. Namsifu asubuhi nikiamka na kukuta vidole bado vinakunjika. Namsifu kwa chai ya moto, kwa jirani anayepiga hodi kuuliza kama nimeamka salama, na kwa chumba hiki cha Makorora, Tanga, ambacho upande mmoja kinapakana na msikiti na upande wa pili na fundi pikipiki. Hata siku ambayo sina mtu wa kuongea naye, sikosi kusikia watu. Baada ya kumsifu, nieleze.

Mimi nilikuwa mpiga gitaa la solo wa bendi ya roki. Wanaonifahamu leo wananifahamu kama mwinjilisti mstaafu wa Kilutheri, mzee anayekaa benchi la tatu karibu na dirisha na kukohoa wakati wa mahubiri. Nikiwaambia vijana kwamba niliwahi kusimama mbele ya watu nimevaa suruali ya bugaluu iliyofagia sakafu na viatu vya raizoni vya soli nene, wanacheka kwa adabu, kama mtu anavyocheka mzee anapodai alikuwa mchezaji mpira hodari. Siwalaumu. Walioniona hawapo. Kati ya watu wa bendi yetu amebaki mmoja tu zaidi yangu, yule aliyekuwa mwimbaji, na habari ninayotaka kuiandika inamhusu yeye kuliko inavyonihusu mimi.

Nilizaliwa kwenye kambi ya shamba la mkonge, upande wa Muheza. Baba alitoka nyanda za juu za kusini akiwa kijana, akaja kukata mkonge, akakaa. Jumapili aliongoza nyimbo kwenye banda la makuti tuliloliita kanisa. Gitaa langu la kwanza lilichongwa na seremala wa kambi kwa mbao za masanduku ya chai, na nyuzi zake zilikuwa waya zilizochambuliwa kutoka kwenye breki ya baiskeli. Nilipiga nyimbo za kanisani kwa sababu sikujua nyingine.

Rafiki yangu alitoka Mkwaja, kijiji cha pwani, kusini, ng'ambo ya mto Pangani. Alikuja kambini na mjomba wake aliyekuwa akiuza ng'onda, samaki waliokaushwa kwa chumvi. Mjomba alipanga samaki juu ya gunia na mpwa akaita wateja. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake, kuita. Alikuwa na sauti iliyowatoa akina mama kwenye foleni ya bomba na kuwaleta mpaka miguuni pa mjomba wakiwa bado wameshika ndoo tupu. Siku moja nilikuwa nimekaa nje ya nyumba yetu nikipiga wimbo wa ibada, akapita, akasimama, akanitazama kwa huruma.

"Bwana mdogo," akasema, ingawa tulikuwa rika moja, "gitaa lako linalia kama paka aliyebanwa mlangoni."

"Wewe unaweza kupiga?"

"Kupiga siwezi. Kusikia naweza. Huo uzi mwembamba, kaza."

Nikakaza.

"Bado," akasema. Nikakaza tena. "Bado. Bado, bwana, usiogope, hautakuuma. Haya! Acha hapo hapo."

Nikapiga upya ule wimbo, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu gitaa langu likasema ninachosema mimi. Tangu siku hiyo sikukaza uzi bila yeye kuwa karibu.

Roki ilitufikia kwa njia ya nyapara mmoja ambaye alikuwa na gramafoni ya betri na santuri chache alizoletewa kutoka Mombasa. Kambini hapakuwa na umeme. Betri zilipochoka tulizianika juani juu ya bati, zikapata nguvu kidogo, tukazirudisha. Jioni tulikaa barazani kwa nyapara na kusikiliza wale waimbaji wa Ulaya, wenye sauti nzito kama ya mtu anayeongea ndani ya pipa, na magitaa yanayojivuta kama punda aliyebebeshwa mzigo. Tuliupenda ule uzito. Tuliamini roki ndivyo ilivyo. Tukajifunza nyimbo zile zote kwa masikio, mimi nikifuata gitaa noti kwa noti, yeye akifuata koo. Maneno hatukuyaelewa, basi akatunga ya kwetu, ya mkonge na ya mjomba wake mkali.

Tulipohamia Tanga mjini tukiwa vijana, tulikuwa na wimbo mmoja tuliokuwa tumeupiga mpaka tukaufanya wetu kabisa. Siku moja tukaingia mgahawani kunywa chai, na mwenye mgahawa alikuwa na gramafoni ya umeme, akaweka santuri ile ile. Ikatoka sauti nyembamba, ya haraka, kama watoto wanaofukuzwa na nyuki. Tulitazamana. Rafiki yangu akamwita mwenye mgahawa.

"Mzee, shikamoo. Gramafoni yako imeharibika. Inakimbia."

"Marahaba. Haikimbii, ndivyo inavyoimba."

"Sisi wimbo huu tunaujua. Tumeusikia miaka."

"Mmeusikilizia wapi?"

"Kambini, kwenye gramafoni ya betri."

Yule mzee alicheka mpaka akaweka birika chini. "Wanangu," akasema, "yenu ndiyo ilikuwa inakufa!"

Hivyo ndivyo tulivyogundua kwamba tulijifunza muziki kutoka kwa mashine iliyokuwa inaishiwa nguvu. Kila kitu tulichokijua kilikuwa polepole kuliko kilivyotakiwa, na chini kuliko kilivyotakiwa. Magitaa ya bendi nyingine zote za mji, na vinanda, na tarumbeta, vilikuwa juu yetu kidogo. Hapo mtu mwenye akili angekaza nyuzi na kuanza upya. Mimi nilitaka. Lakini koo la rafiki yangu lilikuwa limeshakaa pale, na alipojaribu kupanda alisikika kama mtu aliyevaa kofia ya mwenzake. "Tuache," akasema. "Watakaotupenda watatupenda hapa hapa tulipo."

Na watu walitupenda, Mungu ni mwema. Walisema muziki wetu una uzito. Vijana wa bandarini, makarani, wanafunzi waliotoroka bwenini, wote walikuja kuucheza huo uzito bila kujua kwamba chanzo chake ni betri zilizoanikwa juu ya bati.

Kutokana na kosa hilo tukapata desturi ambayo sijaiona kwa bendi nyingine yoyote. Kwa kuwa hakukuwa na chombo kilichokubaliana nasi, tulikaza nyuzi kwa koo lake. Kabla ya dansi alisimama katikati ya jukwaa, amefunga mdomo, akaguna sauti moja ndefu, kama nyuki ndani ya mzinga. Mimi nilitafuta sauti ile kwenye uzi wangu, na wa besi na wa rithimu wakafuata kwangu. Nikiwa mbali alisema, "Bado." Watu wa Tanga, kwa kupenda utani, wakaanza kusema naye. Nikigusa uzi, ukumbi mzima ukanijia kwa pamoja: "Badooo!" Nikizungusha kidogo: "Badooo!" Wengine walikuwa wanakuja mapema kwa ajili ya hilo tu. Kisha yeye akanyanyua mkono, watu wakanyamaza, akasema, "Haya," na dramu ikaingia.

Aliniita Mwinjilisti. Wakati ule sikuwa mwinjilisti wa kitu chochote. Aliniita hivyo kwa kuwa kabla ya kupanda jukwaani nilikuwa nafumba macho na kuomba kama baba alivyonifundisha. Yeye alikuwa anatoka msikitini, viatu mkononi, ananikuta nimesimama nyuma ya spika na macho nimeyafumba.

"Mwinjilisti, umetuombea?"

"Nimewaombea."

"Hata mimi?"

"Wewe zaidi."

"Haya, basi leo ukumbi utajaa."

Niliwahi kumuuliza kama haoni vibaya mimi kumwombea kwa njia yangu. Akasema yeye ameshaniombea kwa njia yake toka asubuhi, kwa hiyo tumelipana.

Mara moja tulipata mpuliza saksafoni kutoka Dar es Salaam, bingwa kweli. Tulifanya naye mazoezi, akapuliza kidogo, akasimama, akaangalia ndani ya chombo chake kama kuna mdudu.

"Nyie mko chini," akasema.

"Chini ya nini?" akauliza rafiki yangu.

"Chini ya dunia nzima!"

"Basi dunia ishuke."

Yule bwana alifungasha saksafoni yake na kupanda basi la kurudi Dar. Tulicheka mpaka jioni. Leo nikikumbuka sichekei sana. Naona kwamba tulikuwa tumejifungia mahali ambapo hakuna mwingine angeweza kuingia, na kwamba siku wale wa ndani wakiondoka, atakayebaki atabaki peke yake kweli kweli. Lakini vijana hawapimi hivyo.

Ilikuja disko, na mtu mmoja na mashine zake akatosha kujaza ukumbi uliokuwa unatuhitaji sote. Bendi haikuvunjika kwa ugomvi. Tulikoma kuitwa, basi. Rafiki yangu alirudi Mkwaja kushika minazi ya mama yake. Mimi niliitikia wito niliokuwa nimeukimbia muda mrefu, nikaenda chuo cha Biblia huko milimani Usambara, nikasoma, nikatumwa kama mwinjilisti vijijini. Gitaa lilikaa chini ya kitanda. Mke wangu, Mungu amlaze pema, alilifunika kwa kanga zake zilizochakaa, na kila tulipohama mtaa au kijiji alilibeba mwenyewe, hakumwachia mtu. Yeye alikuwa mmoja wa wale waliokuwa wakipiga kelele "Badooo" ukumbini. Alipofariki niliishiwa mtu wa kumwambia "unakumbuka?" Watoto wako Mwanza na Dodoma, wananipenda na wananipigia, lakini hawakuwepo.

Mwenye besi akatangulia, mwenye dramu akamfuata, wa rithimu akazikwa kwao Korogwe nami nikiwepo. Tukabaki wawili, mimi Makorora na yeye Mkwaja. Ndipo tukaanza kupigiana simu. Mimi nilimpigia Ijumaa akitoka kwenye sala, yeye alinipigia Jumapili nikitoka kanisani. Hatukuwa na mengi. Tuliulizana afya, mvua, na nani amekufa. Kisha alisema, "Lete," nami nikavuta gitaa kutoka chini ya kitanda, nikaweka simu mezani, yeye akaguna, mimi nikakaza. "Bado. Bado. Haya." Akakata simu. Hiyo ndiyo ilikuwa ibada yetu ya Jumapili mchana, Mungu anisamehe kuiita hivyo, na niliiheshimu kuliko chakula.

Jumapili moja alipiga, nikapokea kwa furaha. Kisha akauliza, "Wewe nani?"

"Mwinjilisti."

"Mwinjilisti wa wapi? Hapa kwetu sisi ni Waislamu."

Nikacheka sana. Nilidhani ni utani wake, na ulikuwa utani mzuri. Nilicheka peke yangu kwa muda, mpaka nikasikia upande wa pili binti yake akimnyang'anya simu taratibu na kuniambia, "Ami, samahani. Siku hizi anasahau."

Binti huyu ananiita ami, kama watu wa Pwani wanavyomwita ndugu wa baba. Ndiye anayemtunza. Baada ya siku hiyo nilikuwa naongea naye yeye, na baba yake akawa mtu wa kutolewa habari. Amekula. Amelala. Leo kamwita marehemu mkewe. Leo kagoma kuoga. Gitaa likarudi chini ya kitanda, na nyuzi zikaanza kulegea kwa kukosa mtu wa kuziambia zikae wapi.

Ni katika ukimya huo mwalimu wa kwaya ya vijana alipokuja kwangu. Ni kijana mzuri, mcha Mungu, anafundisha hesabu sekondari. Alisikia kwamba nina gitaa.

"Babu, tunaomba utusaidie. Kwaya ina kinanda lakini haina solo."

Nilipoleta gitaa mazoezini aliweka simu yake juu ya meza, simu ikaonyesha mshale, mshale ukalala upande.

"Babu, uko chini kidogo."

"Najua," nikasema. "Kinanda hakiwezi kushuka?"

Alijaribu. Kinanda chetu ni kidogo, kina kitufe cha kushusha, ila kinashuka kwa hatua nzima, na mahali petu sisi palikuwa katikati ya hatua moja na nyingine. Kikikosa kuwa juu yangu, kinakuwa chini yangu. Vijana walikuwa wanangoja, wengine wamenyanyua vitabu. Nikakaza. Nilikaza mpaka mshale ukasimama wima, na wote wakapiga makofi, na binti mmoja wa sauti ya kwanza akasema, "Babu Solo kafika!" Nilipogusa nyuzi zile nilisikia gitaa la mtu mwingine. Lakini nilikuwa nimekaa katikati ya watu, wananipa chai na maandazi, wananiuliza "babu, hii tunaingia vipi," na nilimshukuru Mungu kwa Jumamosi zile. Namshukuru mpaka leo. Mtu aliyekaa na ukuta muda mrefu hana haki ya kuchagua sana.

Kisha binti wa Mkwaja akapiga.

"Ami, baba ameacha kusema. Tangu Ramadhani iishe hajatoa neno. Daktari anasema tusimlazimishe."

"Pole, mwanangu."

"Kabla hajanyamaza alikuwa anasema gitaa, gitaa. Nikamuuliza gitaa gani, hajui. Ami, kama unaweza, njoo nalo."

Nilifunga safari. Nilipanda basi mpaka Pangani, nikavuka mto kwa pantoni, na kutoka hapo nikapanda pikipiki, gitaa mgongoni limefungwa kwenye shuka. Dereva aliniuliza kama ni bunduki. Nikamwambia ni gitaa, akaonekana kusikitika. Njia nzima niliomba jambo moja, na nitalisema wazi kwa sababu mbele za Mungu nililisema wazi. Sikuomba apone. Niliomba aniite Mwinjilisti, mara moja tu. Wapo wanaoniita mwinjilisti kanisani, ni cheo changu. Aliyekuwa ananiita hivyo kwa utani, kabla sijawa, ni yeye peke yake duniani, na akinyamaza yeye, yule kijana aliyefumba macho nyuma ya spika hana tena shahidi.

Nilimkuta barazani, amekaa juu ya kitanda cha kamba, kanzu safi, kofia imekaa sawasawa. Binti anamtunza vizuri, Mungu amlipe. Nilimsalimu, nikakaa karibu, nikashika mkono wake. Mkono ulikuwa wa moto na mwepesi. Alinitazama kama mtu anavyomtazama mpita njia aliyesimama kuuliza mahali, akangoja niulize, na nilipokosa cha kuuliza akageuza uso na kutazama rundo la makumbi ya nazi uani.

"Ni mimi," nikasema. "Mpiga gitaa wako."

Aliendelea kutazama makumbi.

"Tulikuwa wote shamba la mkonge. Kwa nyapara. Betri juu ya bati."

Binti alinipa ishara ya macho, nisimchoshe. Nikafungua shuka, nikaweka gitaa pajani, nikapiga mwanzo wa ule wimbo wetu. Hakugeuka. Nikapiga tena kwa nguvu zaidi, kwa sababu labda masikio yamechoka. Uso wake ukakunjamana. Binti akasema, "Labda limemkera, ami. Tumwache kidogo." Nikakubali. Nikaweka kiganja juu ya nyuzi kuzinyamazisha.

"Bado," akasema.

Binti aliruka. "Amesema! Baba! Baba, nini bado? Chai? Chai bado?"

"Bado," akasema tena, mkali kidogo.

"Naleta, baba, naleta sasa hivi!" Akakimbilia jikoni, kanga inamdondoka, na nikasikia masufuria yakigongana huko na yeye akilia na kucheka.

Nilichelewa kuelewa, Mungu anajua, kwa sababu nyuzi zangu zilikuwa sawa. Mshale wa simu ungesimama wima. Kisha nikakumbuka kwamba nilizikaza mwenyewe, kwa ajili ya kinanda cha kwaya. Nilishika masikio ya gitaa, yale ya kuzungushia nyuzi, nikalegeza uzi mwembamba, nikaugusa.

"Bado."

Nikalegeza zaidi, nikagusa. Niligundua kwamba mahali penyewe nilikuwa nimepapoteza. Miaka yote niliyokuwa napata sauti ile niliipata kwake, sikuwahi kuibeba mwenyewe. Nilikuwa napapasa gizani mchana kweupe.

"Bado."

"Nisaidie, ndugu yangu," nikamwambia. "Peke yangu siwezi."

Sijui kama alinisikia. Lakini alifunga mdomo, kifua kikapanda chini ya kanzu, na ikatoka ile sauti. Ilikuwa nyembamba, imepasuka pembeni, inakuja kama redio iliyo nyumba ya tatu. Ila ilikuwa pale pale. Haikuwa imepanda wala kushuka. Nikaifuata kwa uzi, taratibu, mpaka uzi na koo vikawa kitu kimoja na ile mitetemo kati yao ikaisha.

Akanyanyua mkono kidogo kutoka kwenye goti.

"Haya," akasema.

Nikakaza nyuzi nyingine kwa ule mmoja, nikapiga wimbo wetu tangu mwanzo mpaka mwisho, polepole, kama betri zilivyotufundisha. Hakuimba. Kidole chake kimoja kilikuwa kinagonga ukingo wa kitanda, na sehemu ile ambayo dramu ilikuwa inaingia, kidole kiliingia. Binti alirudi na kikombe cha chai, akasimama mlangoni, hakusogea. Nilipomaliza nilimtazama rafiki yangu usoni, nikangoja. Alinitazama pia. Alitazama nywele zangu, miwani yangu, shati langu lililochafuka vumbi la njia. Midomo yake ikajiandaa. Nilikuwa tayari kabisa kusikia.

Akamgeukia binti yake. "Huyu mgeni amekula?"

Binti alikuwa angali ameshika kikombe mlangoni. Nikajibu mimi. "Sijala bado, ndugu yangu."

"Mpe chakula," akasema. "Katoka mbali." Kisha akarudi kutazama makumbi yake.

Nilikula wali na samaki wa nazi, na nilipewa chumba cha wageni chenye neti mpya. Asubuhi nilimpigia tena kidogo kabla ya kuondoka. Jina langu halikuja. Binti alinisindikiza mpaka kwenye pikipiki, akasema, "Ami, ulimsikia? Alisema maneno mengi!" Alikuwa na furaha kubwa, nami nikaona kwamba maombi yangu yalikuwa yamejibiwa kwake. Kwa mwenye kumtunza baba aliyenyamaza, "mpe chakula" ni hotuba. Nikamshukuru Mungu kwa ajili yake, na njiani, juu ya pantoni, nikamwambia Mungu kwamba mimi pia nimeshukuru, ila anipe siku chache nilizoee.

Nimerudi Makorora na gitaa halijakazwa tena kwa mshale wa simu. Nilimweleza mwalimu wa kwaya, naye akanielewa, au aliniheshimu, vyote viwili ni vyema. Wamempata binti mmoja anayejifunza solo, ana vidole vyepesi kuliko nilivyokuwa navyo. Mimi Jumamosi nakaa na sauti ya nne na kuimba kwa mdomo, na chai yangu bado naletewa. Sipigi nao. Gitaa langu sasa halikubaliani na kinanda chochote cha mji huu, na sijui mtu mwingine aliye hai anayeweza kuimba nalo, isipokuwa mmoja ambaye hanijui.

Kila asubuhi, baada ya sala yangu, watu wa msikiti jirani wameshatawanyika na fundi hajaanza kugonga vyuma, nakaa ukingoni mwa kitanda, nagusa ule uzi mwembamba, nawasha simu, napiga mwanzo wa wimbo na kumtumia binti kama ujumbe wa sauti. Anamwekea baba yake sikioni. Siku nyingine ananijibu, "Leo kimya, ami." Siku nyingine anajibu, "Kasema haya." Mara moja alijibu, "Kasema bado," nikaulinganisha uzi na zile nyingine, na kweli ulikuwa umelegea usiku kwa sababu ya mvua. Nikaukaza, nikatuma tena.

Ya leo nimeshatuma. Jibu halijaja, na chai yangu imepoa nikiandika haya.

Nawe uliyenisoma mpaka hapa, Mungu akulinde wewe na wa nyumbani mwako. Kama bado unaye anayekujua kwa jina lako la zamani, Mungu akuzidishie siku za kumpigia simu. Na kama ameondoka, au yupo na hakumbuki, Bwana mwenyewe akae nawe chumbani, akusikilize mpaka upatie, na akuambie haya. Amina.